Makala Juu, Makala Chini: Gato ya Matunda kwa Asiye na Tanuri

Ukimwambia mama wa Sake kwamba unaandika makala, atakuuliza gunia unauza bei gani. Kwa Kiswahili cha Dar es Salaam na Nairobi, makala ni maandishi ya gazetini. Kwetu Masisi na Walikale, makala ni vile vipande vyeusi vya kuwasha mbabula. Leo maana zote mbili zinatuhusu. Makala haya utayasoma, lakini bila makala yale ya gunia hutakula kitu.

Ninachotaka kukupikisha ni gato ya matunda ambayo Wamarekani wanaiita cobbler, na mimi hapa nitaiita kobla. Chini kuna matunda yaliyolainika katika mchuzi wao wenyewe, juu kuna unga ulioumuka na kupata rangi ya kahawia. Haihitaji tanuri, mizani, mashine ya kupigia mayai, wala mkono wa fundi wa gato za harusi. Mayai yenyewe haina. Inataka sufuria yenye mfuniko, kikombe kimoja cha kupimia, vitu vinne vya dukani, na matunda ambayo labda sasa hivi yameanza kulegea kwenye kapu lako.

Kabla hatujawasha moto, shika neno moja ambalo mengine yote yatalifuata: dukani nunua kile tu ambacho ardhi yako haikupi. Mtu wa Masisi anayenunua maziwa ya poda, na mtu wa Walikale anayenunua matunda ya kopo, wote wawili wanalipia safari ya gari kwa kitu kilichopo nyuma ya nyumba.

Chakula cha watu wasiokuwa na furu

Wengi wakisikia gato wanafikiria furu la mikate au jiko la umeme, kisha wanakata tamaa. Kobla ilizaliwa na watu waliokuwa na shida hiyohiyo. Waingereza waliohamia Marekani walikuwa wamezoea vitafunwa vya matunda vya kuokwa nyumbani kwao. Walipofika kwenye makazi mapya hawakuwa na vyombo vyote wala tanuri za kule walikotoka. Walikuwa na chungu cha chuma, moto wa kuni na matunda ya msimu. Wakamwaga matunda chunguni, wakafunika kwa unga uliokorogwa, wakaweka makaa chini, kisha wakapanga mengine juu ya mfuniko. Mwaka 1839 mama mmoja wa Marekani, Lettice Bryan, alichapisha kitabu cha mapishi kiitwacho The Kentucky Housewife, na humo jina la cobbler limo tayari, kwa mapishi ya pichi.

Ufundi huo wa moto wa pande mbili si mgeni kwa Waswahili. Zanzibar na mwambao wote, mkate wa kumimina, ule wa mchele na nazi, ulipikwa kwa sufuria hata kabla ya watu kumiliki jiko la gesi: moto kidogo chini, na makaa yakapaliwa juu ya mfuniko mpaka uso ukaiva. Mpishi wa pwani na mpishi wa Kentucky hawakuonana, lakini wote wawili walijua kwamba mfuniko wenye makaa ni nusu ya tanuri.

Uso wa kobla huwa na mabonge na mashimo, na ndivyo unavyotakiwa kuwa. Kwa hilo hakuna wa kutufundisha sisi tunaopita barabara ya Sake kwenda Masisi-centre wakati wa mvua. Gato ya harusi ikiwa na bonde, mpishi anaona haya. Kobla ikiwa na bonde, ndimo mchuzi wa matunda unamotulia.

Vitu vinne vya dukani

Bidhaa ya dukani kwetu ni msafiri aliyechoka. Miaka ile machimbo ya kasiteriti ya Bisie yalipopamba moto, vyakula na vinywaji vilipanda ndege ndogo kutoka Goma na kwenda kutua juu ya barabara pale Kilambo, halafu vikaendelea kwa pikipiki na kwa mgongo wa mtu. Januari 2025, wapiganaji wa M23 walipoingia Masisi-centre na kisha Goma, na Machi walipofika hadi Walikale-centre kabla ya kuondoka mwanzoni mwa Aprili, njia zilifungwa, zikafunguka, zikafungwa tena, na bei ya sukari ikafuata mwendo wa barabara. Kwa hiyo orodha yangu ni fupi makusudi.

Cha kwanza ni farini ya ngano. Ukinunua ya kupimwa kutoka gunia lililofunguliwa, ishike, ikamue kiganjani na uinuse. Ikishikana bonge na kubaki bonge, imekula unyevu. Ikinuka kama kabati la nguo za zamani, mwachie mwenyewe. Fika nyumbani uichekeche, maana wadudu wa unga hawana adabu ya kujitangaza.

Farini ikiwa adimu, robo ya kikombe unaweza kuijaza kwa unga wa muhogo. Mkate wa kawaida ungelalamika, kwa sababu muhogo hauna ule unato wa ngano unaoshika hewa, lakini kobla haihitaji kupanda sana. Usizidishe robo: unga wetu mwingi wa muhogo umechachushwa, na harufu yake itashinda nanasi. Na uwe umetokana na mihogo iliyolowekwa na kukaushwa sawasawa, kwa sababu mihogo michungu iliyoharakishwa hubaki na sumu.

Cha pili ni sukari. Usinunue nyingi. Tunda lililoiva vizuri limeshakufanyia nusu ya kazi.

Cha tatu ni leviri, na hapa watu wengi wanaanguka. Dukani kuna leviri mbili, na muuzaji akisikia "leviri" anaweza kukupa yoyote. Moja ni ya mikate, ile hamira ya chembechembe inayotaka kusubiriwa saa nzima. Nyingine ni ya gato, unga mweupe laini, na paketi yake imeandikwa levure chimique. Unataka hii ya pili. Ijaribu kabla ya kuiamini: tia nusu ya kijiko kidogo katika maji ya moto. Ikichemka mapovu kwa kelele, ni nzima. Ikizama kimya kama chokaa, imekufa siku nyingi rafuni na gato yako itakuwa tofali.

Cha nne ni mafuta. Margarini ya kopo haihitaji friji na inapatikana mpaka vijijini. Ila mtu wa Masisi mwenye jirani anayesukasuka maziwa asipoteze pesa: siagi ya nyumbani inaishinda. Mawese ya Walikale yanafaa kwa kobla ya ndizi tu, na kwa nusu ya kipimo, ukipenda rangi na ladha yake. Kwa nanasi au maembe yatagombana.

Chumvi na kipande cha tangawizi sivihesabu, kwa sababu jiko lisilo na chumvi sijaliona.

Juu maziwa, chini matunda

Masisi na Walikale ni wilaya mbili zinazopakana, lakini mtu akishuka kutoka moja kwenda nyingine anavua koti njiani. Masisi ni milima ya malisho, ng'ombe, baridi ya asubuhi na jibini ile ya mviringo inayouzwa Goma na kusafirishwa mpaka Kinshasa. Walikale ni msitu, joto, mvua, mawese, ndizi na mapaipai. Ng'ombe ni wachache huko. Kobla nzuri ninayoijua mimi inachukua maziwa ya juu na matunda ya chini, kwa hiyo kila upande una kitu cha kumpelekea mwenzake soko linapoitika.

Ukiwa Masisi, tumia maziwa mabichi ya ng'ombe baada ya kuyachemsha na kuyaacha yapoe. Usiruke hatua ya kuchemsha eti gato itapikwa baadaye. Utaonja, mtoto ataramba mwiko, na maziwa mabichi hubeba magonjwa ya ng'ombe. Ukiwa na maziwa ya mgando, yale wengi wanayaita kivuguto, umepata bora zaidi: kikombe kimoja cha kivuguto na nusu ya kijiko kidogo cha bikarbonati vinafanya kazi ya leviri yote. Uchachu wa maziwa unakutana na bikarbonati, hewa inazaliwa, unga unapanda. Siku leviri imekosekana dukani, hiyo ndiyo njia.

Ukiwa Walikale, hapo maziwa ya poda yana haki ya kununuliwa. Vijiko vinne vikubwa katika kikombe cha maji yaliyochemshwa vinatosha.

Sasa matunda. Kila moja lina tabia yake.

Nanasi ndilo mfalme wa kobla yetu, liwe la bustanini kwako au lile linalovushwa ziwa kutoka Idjwi. Lakini nanasi bichi lina kitu ndani yake kinachovunja nguvu ya maziwa na kuyafanya machungu. Ni kilekile kinachokuwasha ulimi ukila vipande vingi. Joto linakiua. Kwa hiyo kata vipande vidogo, ondoa kiini kigumu, na uvichemshe na sukari dakika 10 kabla ya kukutana na rojo la maziwa. Dakika hizo pia zinapunguza maji, na nanasi ni tunda la maji.

Ndizi mbivu haichemshwi. Chukua zile ambazo ganda limeshakuwa na madoa meusi, zikate mapande ya unene wa kidole, zimwagie maji ya ndimu zisibadilike rangi, na upunguze sukari ya matunda hadi vijiko viwili vikubwa.

Paipai lina sura nzuri na ladha ya kimya. Peke yake katika kobla litakuwa kama mgeni asiyezungumza. Litafutie msemaji: maji ya ndimu, au maracuja mawili yenye uchachu wa milimani. Chagua lililoiva lakini bado gumu, lisije likayeyuka lote.

Maembe, chemsha na sukari dakika 5. Maracuja, usiyatumie peke yake; ni kiungo cha kuamsha mengine. Lile tunda jekundu la umbo la yai ambalo jirani zetu Wanyarwanda wanaliita kinyomoro ni zuri sana likichanganywa na ndizi, ila lichovye kwanza katika maji yanayochemka uliambue ganda, kwa sababu ganda lake ni chungu.

Na kama umepewa zawadi ya kopo la pichi kutoka Goma, usilikatae. Mwaga vyote, tunda na maji yake, kisha usiongeze sukari hata kidogo kwenye matunda.

Kikombe ndicho mizani

Chagua kikombe kimoja cha chai cha mililita 250 hivi na usikibadilishe mpaka umalize. Kikombe kikiwa kikubwa kidogo au kidogo kidogo, hakuna neno, kwa sababu vyote vinavyopimwa kwa kikombe vitakua au kupungua pamoja. Kwa watu sita:

- Matunda yaliyokatwa: vikombe 4
- Sukari ya matunda: nusu kikombe
- Farini ya ngano: kikombe 1, na kijiko 1 kikubwa cha pembeni
- Sukari ya rojo: nusu kikombe
- Maziwa: kikombe 1
- Leviri ya gato: vijiko vidogo 2
- Margarini au siagi: vijiko vikubwa 6
- Chumvi: robo ya kijiko kidogo
- Ndimu 1, na tangawizi iliyoparuzwa, kijiko kidogo 1

Ukumbuke hivi: farini kikombe, maziwa kikombe, sukari kikombe iliyogawanywa mara mbili. Mtoto wa darasa la tatu anaweza kushika.

Kazi yenyewe

Anza na matunda. Yatie katika sufuria ndogo pamoja na nusu kikombe cha sukari, maji ya ndimu na tangawizi. Yanayohitaji kuchemshwa yachemshe kwa muda niliotaja. Mwishoni nyunyiza kile kijiko kikubwa cha farini na ukoroge. Kitakamata maji ya matunda yawe mchuzi mzito. Epua.

Chukua jani la mgomba lisilopasuka, lipitishe juu ya moto mpaka lilegee na kung'aa, kisha tandika ndani ya sufuria ya kupikia, upana wa sentimita 24 hivi. Jani lina kazi tatu. Linazuia kuungua chini, linatoa harufu nzuri, na linatenganisha uchachu wa matunda na chuma. Hiyo ya tatu si mchezo: sufuria zinazotengenezwa kwa kuyeyusha vyuma chakavu zinaweza kutoa madini ya risasi kwenye chakula, na vitu vichachu kama nanasi na maracuja huyavuta zaidi. Kwa sababu hiyohiyo, usiiache kobla ilale humo usiku.

Weka margarini juu ya jani, na sufuria juu ya moto mdogo mpaka iyeyuke. Wakati inayeyuka, katika bakuli changanya farini, nusu kikombe cha sukari, leviri na chumvi vikiwa vikavu. Mimina maziwa yote na ukoroge kwa mwiko. Koroga mpaka unga mkavu usionekane, kisha acha. Vijibonge vidogo viache. Ukipigapiga rojo kama unavyosonga bugali, unaamsha unato wa ngano na gato itakuwa ngumu ya kutafuna.

Mimina rojo juu ya margarini iliyoyeyuka. Usikoroge. Sasa chota matunda kwa kijiko na uyatawanye juu ya rojo, pamoja na mchuzi wake. Usikoroge. Najua mkono utakuwasha. Utaona margarini inaelea pembeni, matunda yanazama, na kila kitu kinaonekana kimeharibika. Funika na uamini: rojo litapanda lenyewe, litayapita matunda na kuyafunika, na margarini itakaanga kingo ziwe na ukoko. Usicheleweshe kati ya kukoroga na kufunika, maana leviri huanza kufanya kazi dakika ileile inapolowa.

Moto: 8 chini, 16 juu

Mara ya kwanza nilipopika kobla niliiweka juu ya mbabula iliyojaa makala yanayowaka, kama napika maharage. Baada ya dakika 20 chini kulikuwa na mkaa na juu kulikuwa na uji. Nilikula katikati, kwa aibu, peke yangu.

Joto hupanda juu. Makala ya chini yanasukuma joto moja kwa moja kwenye unga, ya juu yanapigana na hewa kabla ya kulishusha. Ndiyo sababu yale ya juu yawe mara mbili ya yale ya chini. Kwa sufuria yetu, chukua vipande vinavyokaribia ukubwa wa yai, vilivyokwisha kuwaka mpaka vimevaa majivu meupe: 8 vipange chini kwa duara, vikizunguka ukingo na si katikati, na 16 vitawanye juu ya mfuniko. Mfuniko bapa wenye ukingo ndio unaofaa. Wenye mgongo, ugeuze, au funika kwa sinia la bati.

Kabla ya kutandika jani, unaweza kupima joto. Funika sufuria tupu yenye makala yake juu na chini, acha dakika kadhaa, kisha weka ndani kifuniko cha kopo chenye farini kidogo. Baada ya dakika tatu hadi tano farini ikiwa na rangi ya kahawia nyepesi, moto ni sawa. Ikiwa nyeusi, punguza. Ikiwa nyeupe, ongeza juu, sio chini.

Kobla inaiva kwa dakika 35 hadi 45. Usifunue kabla ya dakika 30. Pua itakuambia: kwanza utasikia harufu ya matunda, kisha ya sukari, mwishowe ya mkate. Harufu ya mkate ikija, ndipo ufunue. Moto huzaa majivu, walisema wahenga, na majivu hayo yanangoja mkono wako utetemeke; yaondoe kwanza makala ya juu kwa koleo, fagia mfuniko kwa ufagio mdogo, ndipo uinue ukielekeza pembeni. Chomeka kijiti katika unga, sio katika tunda. Kikitoka kikavu na kingo zimejitenga na jani, imeiva. Iache itulie dakika 20, kwa sababu mchuzi unaochemka hauna adabu kwa ulimi, na ukipoa kidogo unakaza.

Pika nje au penye mlango na dirisha wazi. Makala yanayowaka ndani ya chumba kilichofungwa hutoa hewa isiyo na harufu inayoua watu usingizini, na kwenye baridi ya Masisi kishawishi cha kuingiza mbabula ndani ni kikubwa.

Masisi si Walikale

Hapa mapishi ya vitabuni yanatuangusha, kwa sababu yaliandikwa na watu wa tambarare. Sehemu nyingi za malisho ya Masisi ziko mita 2,000 na zaidi juu ya usawa wa bahari. Huko hewa ni nyepesi, na maji yanachemka kwenye nyuzi 93 hivi badala ya 100. Kwa mpishi wa kobla hilo lina maana mbili. Kwanza, hewa ya leviri inapanuka haraka: gato inapaa kwa kishindo, kisha inaanguka katikati kabla haijakaza. Pili, maji yanakimbia upesi na sukari inabaki nzito.

Kwa hiyo ukiwa Masisi, toa nusu ya kijiko kidogo cha leviri, toa kijiko kikubwa kimoja cha sukari ya rojo, ongeza vijiko vikubwa viwili au vitatu vya maziwa, na ipe moto dakika 5 zaidi. Matunda nayo yachemshe kidogo zaidi. Ukiwa Walikale, kwenye mabonde ya msitu yaliyo chini ya mita 1,000, fuata vipimo vyangu kama vilivyo. Shida yako huko ni unyevu: farini na leviri zikae katika kopo lenye kifuniko cha kubana, na sukari mbali na mvuke wa sufuria. Paketi ya leviri iliyofunguliwa na kukunjwa kwa vidole haimalizi wiki mbili ikiwa na nguvu.

Ikiharibika

Katikati ikiwa mbichi na kingo zimeiva, matunda yalikuwa na maji mengi au moto wa chini ulikuwa katikati. Rudisha mfuniko, ondoa makala yote ya chini, acha ya juu dakika 10 nyingine. Ikiwa kavu kama mkate wa juzi, mwagia vijiko vichache vya maziwa ya moto na ufunike, inafufuka. Isipoumuka kabisa, leviri ilikufa. Kata vipande, kaanga upande mmoja kwenye siagi, uwape watoto bila maelezo. Ikiwa tamu kupita kiasi, usitupe. Hapo ndipo jibini inapoingia.

Kweli, jibini. Kipande cha jibini ya Masisi, chenye chumvi yake, kando ya kobla ya nanasi ya moto, ni kitu ambacho nakuomba ukijaribu kabla ya kucheka. Wamisionari kutoka Ulaya ndio walioleta ufundi wa jibini kwenye milima yetu, na sasa ni mali yetu. Huko Vermont, jimbo la wafugaji kama sisi kule Marekani, mwaka 1999 walipitisha sheria ya kuitambua pai ya tufaha kuwa pai ya jimbo, wakaandika humo kwamba anayeiandaa ajitahidi kuitoa pamoja na jibini, maziwa baridi au aiskrimu. Watu walitunga sheria juu ya jambo ambalo wewe unaweza kulifanya bila kumwomba mbunge.

Kugawa na kuuza

Kobla inakaa vizuri siku moja, labda na nusu kwenye baridi ya milimani. Haikuumbwa kuwekwa. Ndiyo sababu ni chakula kizuri kwa nyumba iliyopokea watu. Wengi wetu miaka hii tumelaza ndugu waliokimbia kutoka Kitchanga, Mweso au Nyabiondo, au tumekuwa sisi wenyewe tuliolazwa. Kikombe kimoja cha farini, kikigawanywa kama mkate, kinaisha kwa watu watatu. Kikilala juu ya vikombe vinne vya matunda, kinafika kwa sita, na kila mmoja anahisi amepewa kitu cha sikukuu.

Ukitaka kuuza sokoni, kata vipande nane na uvifunge kwa jani la mgomba. Kabla ya kutaja bei, andika gharama ya farini, sukari, leviri, mafuta, maziwa na makala, kisha hesabu matunda kwa bei ya soko hata kama yametoka bustanini kwako. Wanawake wengi wanauza vitafunwa kwa hasara bila kujua kwa sababu kile kilichotoka nyumbani wanakiita cha bure. Cha bure hakipo. Nanasi hilo ungeliuza.

Na kuhusu makala, yale ya gunia: yanatoka kwenye miti, na misitu ya Virunga inajua tumeikata kiasi gani. Kobla haistahili kuwashiwa moto wake peke yake. Maharage yanakula saa nyingi za mbabula, na yakiiva yanaacha makala mekundu ambayo tunayamwagia maji au kuyaacha yafe. Vipande 24 vimo humo. Andaa matunda wakati maharage yanachemka, changanya unga wakati unayaepua.

Basi Jumamosi hii, mama, dada, na wewe kaka unayejipikia huko machimboni, maharage yakishaiva usizime moto. Hesabu 8, hesabu 16, na umwite jirani.